Tabibu kaandika "keratitisi" tu, mimi niweke msimbo gani?

Swali

Shikamoo mama. Mimi ni mtunza kumbukumbu katika kituo cha afya huku juu, wilaya ya Newala. Tangu msimu wa kupulizia mikorosho salfa uanze tunapokea wagonjwa wengi wa macho. Tabibu wetu ni mzuri lakini ana foleni ndefu, akimaliza anaandika neno moja tu, "keratitisi", nami naweka H16.9. Mwezi uliopita madai kumi na mawili ya macho yamerudishwa kutoka bima, karibu yote yameandikwa "huduma haiendani na ugonjwa". Mawili yana marhamu ya asikloviri, manne ni ya kutolewa vibanzi jichoni, mengine ni mchanganyiko. Nimetafuta kwenye simu nikapata H16.001, lakini mfumo wetu unaikataa kabisa. Niweke msimbo upi ili madai yapite?

Jibu

Marahaba mwanangu, na salamu kutoka Lindi ziwafikie wote huko Mtwara kuchele.

Nianze na la simu maana ni jepesi. H16.001 ni msimbo halali, ila si wa kwetu. ICD-10, yaani kitabu cha misimbo ya magonjwa, ni ya Shirika la Afya Duniani, ilipitishwa mwaka 1990 na nchi zikaanza kuitumia kuanzia 1994. Wamarekani wakaichukua, wakaikatakata vipande vidogo zaidi kwa mahitaji ya bili zao, na toleo lao hilo likaanza kutumika rasmi kwao Oktoba 2015. Humo tarakimu ya mwisho ndiyo inayotaja jicho: 1 ni la kulia, 2 la kushoto, 3 yote mawili, 9 halikutajwa. Kwa hiyo ile uliyoipata maana yake ni kidonda cha konea cha jicho la kulia, aina haikuelezwa. Sisi tunatumia toleo la Shirika lenyewe, na humo misimbo ya sura ya macho, H00 hadi H59, inaishia tarakimu moja baada ya nukta. Ukikutana na msimbo wa jicho wenye mkia mrefu kuliko huo, jua ni mgeni, mrudishe kwao. Jicho lipi, la kulia au la kushoto, kwetu linaandikwa kwa maneno pembeni ya msimbo, na lisipoandikwa hakuna tarakimu itakayokusaidia.

Sasa turudi kwenye swali lenyewe. Umeuliza uweke msimbo upi ili madai yapite. Nimefanya kazi hii muda mrefu, kwanza kama muuguzi wa macho na baadaye kwenye meza ya kumbukumbu, na sijawahi kumwona mtu aliyeanzia hapo akafika salama. Msimbo unatafutwa kwenye jicho la mgonjwa. Ukiutafuta kwenye fomu ya madai utaishia kubahatisha, na mkaguzi siku moja atafungua faili.

Tatizo lako halijaanzia mezani kwako. Keratitisi ni neno pana kama "homa". Mtu akikuambia mtoto ana homa hujui kama ni malaria, taifodi, mafua au meno. Konea ni kile kioo cha mbele ya jicho, kinachofunika mboni kama kioo cha saa kinavyofunika mishale. Kikiwaka na kuvimba kwa sababu yoyote ile, jina lake ni keratitisi. Sababu inaweza kuwa vumbi, mwiba, kirusi, fangasi, mwanga wa kuchomelea vyuma, kope zinazokwangua, hata ukosefu wa vitamini A. Vitabu vya misimbo vimeweka kila sababu droo yake, na droo nyingine haziko kwenye H kabisa. Wewe umepewa neno moja, ukaambiwa uchague droo.

Ngoja nikuonyeshe kwa mtu mmoja. Nimemtunga, ila utamtambua. Mwanamume wa miaka 42, mkulima wa korosho. Jumanne asubuhi alikuwa shambani na mashine ya kupulizia mgongoni, upepo ukageuka, salfa ikamrudia usoni. Miwani ya kujikinga ameiacha nyumbani kwa sababu inapata ukungu akitoka jasho. Maji huko uwanda mnayajua wenyewe, ndoo ina bei yake, akajifuta na shati akaendelea na mstari wa mikorosho uliobaki. Anakuja kwenu Alhamisi, jicho la kulia jekundu, linatoa machozi, hataki mwanga. Tabibu anaandika "keratitisi", anaandika matone, anaita mwingine.

Kipimo kinachotenganisha droo zile ni cha dakika mbili, nakieleza hapa ili ujue unaloliulizia. Kuna kikaratasi chembamba chenye ncha ya rangi ya chungwa, dawa yake inaitwa fluoresini. Unailowesha ncha kwa tone moja la maji safi ya chumvi, unaigusisha ndani ya kope la chini, mgonjwa anapepesa mara mbili tatu rangi inasambaa. Kisha unapunguza mwanga wa chumba na kummulika kwa taa ya buluu. Konea iliyo nzima haishiki rangi. Palipochubuka panang'aa kijani, kijani kile cha taa za msikitini usiku, huwezi kupakosa.

Halafu unaangalia umbo la ule ukijani, maana umbo ndilo linalokupeleka kwenye droo.

Tuseme ni vidoa vidogo vidogo vingi vimetapakaa juu juu kama mtama uliomwagwa. Hiyo ni keratitisi ya juujuu, H16.1. Kama na ngozi nyeupe ya jicho nayo imewaka pamoja na konea, inahamia H16.2. Na kwa kuwa imeletwa na kiuatilifu, unaongeza msimbo wa sababu ya nje, X48, unaosema mtu amekutana na kiuatilifu kwa bahati mbaya. Ila kama tabibu ameona konea imeungua hasa, imepoteza ung'avu kwa kemikali, tunatoka kwenye H na kuingia kwenye majeraha: T26.6, konea iliyochomwa na kemikali. Hapo ndipo wanapoingia na wabanguaji wa korosho wanaorukiwa na utomvu wa ganda. Mafuta yale yanababua ngozi ya kidole, sembuse kioo cha jicho.

Tuseme badala yake ni mkwaruzo mmoja, mstari au kiraka, na chini yake konea ni safi. Hakuna weupe wowote. Huyo hana keratitisi. Amechubuka, na msimbo wake ni S05.0. Ongeza W60 kama alichomwa na mwiba au kukatwa na jani lenye makali, jani la mahindi ni bingwa wa kazi hiyo. Nimeona vituo vingi vinavyoandika keratitisi kwa kila jicho lililong'aa kijani. Kuchubuka kunapona siku mbili tatu, keratitisi ya wadudu inaweza kulitoboa jicho katika muda huohuo. Haziwezi kukaa droo moja.

Tuseme katikati ya mchubuko kuna chembe bado imekaa. T15.0, kitu kigeni ndani ya konea. Hicho ndicho kibanzi kile kinachosemwa kwenye Biblia, na sisi watu wa kumbukumbu tuna namba yake. Sasa tazama madai yako manne ya kutolewa vibanzi. Mmedai malipo ya kutoa kitu jichoni, na ugonjwa mmeandika H16.9, yaani keratitisi isiyoelezwa. Anayesoma upande wa pili anajiuliza, mlitoa nini kwenye keratitisi? Ningekuwa mimi ningeyarudisha pia.

Tuseme chini ya ule ukijani kuna doa jeupe au la kijivu, kama tone la maziwa lililoganda ndani ya kioo, na mgonjwa anasema usiku hakulala. Hapo ni kidonda cha konea, H16.0. Kikiwa katikati, pembeni, kikiwa kimetoboka au kikiwa na usaha uliotuama mbele ya jicho, vyote ni H16.0, na maelezo unayaongeza kwa maneno. Huyu hakai kwenu. Huyu anapewa matone ya kwanza na barua, anapanda gari siku hiyohiyo, aende Ligula, au Ndanda, au hospitali ya kanda pale Mitengo, popote kwenye kliniki ya macho iliyo karibu naye. Kwenye barua andikeni alichopaka kabla ya kuja kwenu. Wengi wanakuwa wamekwisha kamulia majani, au maziwa ya mama, au matone ya jirani yaliyobaki tangu mwaka juzi. Habari hiyo haina tarakimu kwenye H16, lakini daktari wa macho ataitafuta kabla ya msimbo wako.

Na tuseme ule ukijani umechora tawi. Mstari mwembamba unaojigawa, na kila ncha ina kifundo kidogo. Ukiona hivyo jua ni kirusi cha herpesi, ndugu wa yale malengelenge ya mdomoni. Hapa ndipo madai yako mawili ya asikloviri, dawa ya kirusi hicho, yalipo, na hapa nataka nikae kidogo.

Herpesi ya konea haiandikwi H16 hata kidogo. Inaandikwa kwa misimbo miwili inayotembea pamoja: B00.5 yenye alama ya msalaba (†), na H19.1 yenye alama ya nyota (*). Msalaba ni chanzo cha ugonjwa, nyota ni mahali ulipojitokeza. Sheria yake ni fupi. Msalaba hutangulia, na nyota haitembei peke yake, hata siku moja. Ukiandika H19.1 bila B00.5 umemleta bibi harusi bila mwenyeji wake, mlango hautafunguliwa. Mifumo mingine ya kompyuta haina nafasi ya kuandika alama zenyewe, si kitu, andika misimbo yote miwili kwa mpangilio huo.

Wa familia hiyo wapo wengi kuliko watu wanavyodhani. Mkanda wa jeshi wa usoni, ule unaoshuka upande mmoja wa paji hadi ncha ya pua, ukigusa konea ni B02.3† na H19.2*. Surua ikishuka kwenye konea ya mtoto ni B05.8† na H19.2*. Kifua kikuu cha jicho kikigusa konea ni A18.5† na H19.2* hiyohiyo. Na yale macho mekundu yaliyovuma nchi nzima mwanzoni mwa 2024, watu wakawa wanasalimiana kwa mbali, yakithibitika kuwa ni ya adenovirusi na yameingia kwenye konea ni B30.0† na H19.2*. Yakiwa ni macho mekundu ya kirusi tu, konea haijaguswa na kirusi hakijatajwa, B30.9 inatosha na hatuna haja ya nyota.

Kwa nini ning'ang'anie herpesi? Kwa sababu faili linasafiri. Mgonjwa wako wa leo, miezi minane baadaye jicho litawaka tena, maana kirusi hicho hulala kwenye mshipa wa fahamu na kuamka kinapotaka. Atakwenda kituo kingine, atamkuta mtu mwingine amechoka kama ninyi. Akisoma "H16.9" anaweza kumwandikia matone yenye deksamethasoni, dawa ya kutuliza mwako, ili wekundu upungue. Wekundu utapungua kweli, na tawi lile litatanuka liwe ramani. Akisoma "B00.5, H19.1" mkono utasita.

Sasa kuhusu hiyo H16.9 unayoipenda. Siikatazi. Watu wengi wanachanganya tarakimu 8 na 9, na mimi mwenyewe zilinichukua muda. Nane, H16.8, ni keratitisi ambayo tunaijua ni ya aina gani, ila kitabu hakikuitengenezea droo yake. Tisa, H16.9, ni keratitisi ambayo hatujui ni ya aina gani. Nane ni mtu mwenye jina asiye na chumba, tisa ni mtu ambaye hakuulizwa jina. Kituo kisicho na fluoresini, kisicho na taa ya buluu, na tabibu aliyeona kwa tochi tu kwamba konea ina ukungu, hicho kikiandika H16.9 kimesema kweli. Nakiheshimu kuliko kituo kinachoandika H16.0 kwa sababu kimesikia kwamba H16.0 inalipwa. Tisa ikiwa moja moja haina neno. Tisa zikiwa mwezi mzima, kila jicho, hizo zinasema kwamba hakuna anayeuliza.

Fangasi nao wana shida yao, na huku kusini kwa wakulima tusiwasahau. Kidonda kilichoanza na jani au kijiti, kingo zake zina manyoya, kinakwenda polepole na hakisikii matone ya bakteria, tabibu wa macho atafikiria fangasi. Ndani ya H16 hakuna tarakimu iliyotengwa kwa ajili yao. Kidonda kinabaki H16.0 mpaka maabara iseme, na ikisema, jina la mdudu unaliandika kwa maneno na msimbo wa fangasi husika unawekwa. Kwa bakteria kuna msaada zaidi: B95 na B96 zipo mahususi kwa kutaja mdudu aliyesababisha ugonjwa ulioandikwa kwenye sura nyingine. Sudomonasi ni B96.5, unaiweka nyuma ya H16.0. Najua maabara yenu haioteshi wadudu wa konea. Nakuambia ili ukipokea majibu kutoka hospitali ya rufaa ujue pa kuyapeleka.

Watoto wachache niwataje haraka. Mtoto aliyedhoofu, konea imekauka na ina kidonda, tabibu akiona ni vitamini A, ni E50.3, na konea ikiwa imelainika na kuyeyuka ni E50.4. Usiweke H16.0 hapo, ugonjwa wenyewe ni lishe. Upande wa wazee, mtu mwenye ukoma ambaye kope haifumbi, konea ikakauka kwa upepo, keratokonjaktivaitisi yake, yaani konea na ngozi nyeupe kuwaka pamoja, ni H16.2, pamoja na ukoma wenyewe, A30. Kope zilizogeukia ndani zikawa zinakwangua kioo ni H02.0, na kidonda kilichotokea kinaandikwa juu yake. Wachomeleaji wa vyuma wanaokuja saa tano usiku wakilia wote wawili, fundi na msaidizi wake, ni H16.1 na W89. Kesho yake jioni wanakuwa wazima, na wiki inayofuata wanarudi kuchomelea bila kinga kama kawaida.

Sasa kitu ambacho hukuuliza, lakini nina hakika kipo kwenye rejesta yako. Watu wetu wakiona doa jeupe kwenye jicho wanasema "mtoto wa jicho". Doa likiwa nyuma ya mboni, kwenye lenzi, wamesema sawa, na hiyo ni H25 kwa mzee au H26 kwa sababu nyingine. Doa likiwa mbele, juu ya kioo chenyewe, ni kovu la konea, mabaki ya kidonda cha zamani, na hiyo ni H17. Karani anasikia "mtoto wa jicho", anaandika H26.9, mgonjwa anaingizwa kwenye orodha ya upasuaji, anasafirishwa, anafika anaambiwa arudi kwa sababu si mtoto wa jicho. Namkumbuka bibi mmoja aliyeuza kuku wawili apate nauli ya safari kama hiyo. Muulize tabibu, doa liko mbele au nyuma? Maneno matano tu.

Na kosa la upande wa pili ni hili. Kidonda kimepona mwezi wa sita, limebaki kovu. Mwezi wa tisa mgonjwa anarudi kuandikiwa miwani, na karani ananakili ugonjwa wa mara ya mwisho: H16.0. Kwenye karatasi mtu huyo ana kidonda kibichi kwa miezi mitatu. Kidonda kikishafunga, H16 imemaliza kazi yake. Ni H17, na uoni ukiwa umepotea unaongeza H54 kulingana na tabibu alivyompima kwa herufi.

Nitakuambia na langu, nisije nikaonekana nimezaliwa nayajua. Hospitali moja nisiyoitaja, miaka hiyo, tulikuwa tunaandika kila jicho jekundu H10, yaani mwako wa ngozi nyeupe ya jicho, kwa sababu ndiyo tuliyoikariri. Madai yalipita vizuri, hakuna aliyelalamika. Ikafika wakati wa kuandaa maombi ya dawa, mfamasia akavuta takwimu aone tunahitaji nini kliniki ya macho. Vidonda vya konea vilikuwa sifuri mwaka mzima. Akaagiza matone ya kawaida kwa wingi, na ya fangasi hata chupa moja hakuagiza. Alifanya sahihi kabisa kwa karatasi aliyopewa. Wagonjwa wa vidonda tulikuwa nao wodini, tunawajua kwa majina, ila kwa misimbo tuliyoiandika wenyewe hawakuwapo. Ripoti za MTUHA, ule mfumo wa taarifa za huduma za afya, nazo huyaweka magonjwa ya macho kwenye makapu makubwa machache, kwa hiyo zisingetuokoa.

Kuhusu hayo madai kumi na mawili. Usibadilishe msimbo wowote ukiwa peke yako mezani, hata kama umeelewa kila nililoandika hapa. Kubadilisha utambuzi wa ugonjwa si kazi yako wala yangu, na saini iliyo kwenye fomu ni ya tabibu. Toa mafaili kumi na mawili, nenda nayo saa nane mchana foleni ikipungua, kaa naye. Usimwambie "dokta unaandika vibaya", utamkosa. Mwulize maswali matano kwa kila faili: jicho lipi, konea ilishika rangi, umbo gani, kulikuwa na weupe, nini kilianza. Yeye akiandika majibu kwa mkono wake na kuweka tarehe ya leo, wewe msimbo utauona wenyewe. Pale asipokumbuka, na kwenye faili hakuna kitu, iache H16.9 ikae. Dai hilo huenda likapotea, na lipotee.

Kwa siku zijazo, chonga muhuri. Mafundi mihuri wapo mjini, si ghali. Uwe na mistari mitano hiyohiyo, ugonge kwenye ukurasa kabla mgonjwa wa jicho hajaingia kwa tabibu. Mtu mwenye foleni atajaza mstari uliochorwa, ila karatasi tupu ataandikia neno moja. Na kwenye maombi ya robo ijayo mkumbushe mganga mfawidhi aweke vikaratasi vya fluoresini, ni vitu vidogo sana na watu husahau.

Neno dogo kuhusu ICD-11, maana utaikuta huko huko kwenye simu. Ilipitishwa mwaka 2019 na ikaanza kutumika kimataifa Januari 2022, na humo kidonda cha konea ni 9A76, keratitisi ya maambukizi ni 9A71. Mpaka mfumo wenu ubadilishwe, usiichanganye na H16 kwenye fomu moja. Na ukizungumza na mhasibu sema "msimbo". Wenzako wengi wanasema "kodi", na nimeshamwona mhasibu akiacha chai yake akidhani watoza kodi wa TRA wamefika.

Anza na yale mawili ya asikloviri. Tabibu hakuandika marhamu ile bila kuona tawi, na mgonjwa wa tawi hasahauliki upesi.